Mume wangu aliifuata mashine, leo ameniletea isale

Admin, nifichie jina na sura, maana nusu ya wajukuu zangu wako kwenye ukurasa huu na wananijua kwa maneno yangu.

Mimi ni bibi wa miaka sabini na sita, naishi Kirua Vunjo. Uzee umeniingia magotini tu, kichwani bado nipo. Mtakaosema bibi mzima analeta mambo ya mapenzi mtandaoni, semeni, nimeshasemwa na waliowazidi.

Nilipokuwa msichana, uhuru bado mbichi, umeme wa Moshi mjini ulitoka kwenye mashine za dizeli za kampuni ya mtu binafsi. Ukishuka na ndizi zako unazisikia mashine kabla hujauona mji. Maji yaliyopoza mashine yalitoka nje kwa bomba yakiwa ya moto, na baridi ya Julai inavyouma, wanawake tulipita pale kunawa na kufua. Fundi mmoja, kijana wa Tabora, akanikuta nasugua miguu yenye tope. Akapaza sauti, "Dada, hayo maji nimeyachemsha mimi. Hata asante?" Nikamjibu, "Umechemsha wewe au mashine?" Akacheka. Basi, tangu hapo nikawa na tope kila siku ya soko.

Baba yangu alipopata habari alisema, "Vijana wote wa Kirua hawakutoshi, unamfuata chasaka anayechunga kelele?" Chasaka kwetu ni mtu asiye Mchagga. Tukafunga ndoa kanisani, baba hayupo. Lakini mume wangu aliulizia mila zetu, akapanda mlimani na jani la isale mkononi, lile tunaloombea msamaha. Baba alinuna, akalipokea. Akasema isale halikataliwi, hata likiletwa na chasaka.

Tuliishi nyumba za kampuni, ukuta kwa ukuta na mashine. Mume wangu alizoea kuongea kwa kupiga kelele, akiomba chumvi majirani wanadhani tunagombana. Wanangu, Anna na mdogo wake, niliwaogesha kwa maji yale. Nilikuwa na raha, sitadanganya.

Serikali ilipoichukua kampuni hatukutikisika, kazi iliendelea. Kilichotumaliza ni nguzo. Zilikuja zikipita mashambani na umeme wa bwawa, mpaka siku moja wakubwa wakamwambia yeye mwenyewe azime mashine ya mwisho. Ilikuwa mchana, sisi tuko bombani na mabeseni. Maji yakaja ya vuguvugu, yakaja ya baridi, yakakata. Kimya kile, jamani, nilimsikia jogoo wa jirani kwa mara ya kwanza. Mume wangu akatoka, akasema kwa sauti yake ile ya juu, "Mama Anna, hata taa haijapepesa." Mji mzima hakuna aliyejua kwamba amezima. Akakaa chini akalia, mwanamume mzima.

Mashine ikafunguliwa, ikapakiwa kwenye malori kwenda mji wa mbali ambako umeme wa bwawa haujafika. Wakamtaka na yeye, maana ndiye aliyeijua. "Ikishawaka narudi," aliniambia. Nilikuwa na mimba ya mwisho, nikabaki. Zilikuja kanga mbili kwa mkono wa dereva, halafu hakuna kitu tena. Mwaka wa pili dereva yule yule, macho chini, akaniambia, "Shemeji, usiendelee kusubiri. Fundi ana mke kule, na mtoto." Nikamuuliza kama mashine imewaka. Akasema iliwaka siku nyingi nyuma.

Nikarudi kwa baba na watoto watatu. Nilitegemea matusi. Alikata mkungu wa ndizi, akasema watoto wapate kula kwanza. Hakumtaja mume wangu mpaka anakufa, na kwa kuwa hakuzaa mtoto wa kiume, kihamba, shamba letu la ukoo, akamwachia mwanangu wa mwisho, yule aliyezaliwa baba yake ameshaondoka. Mimi sikuolewa tena. Ndoa yangu ilikuwa ya kanisani, na yule mtu nilimpenda, mpumbavu mimi.

Sasa sikilizeni. Wiki iliyopita amekuja mtu mzima hapa getini, sura ya mume wangu tupu. Akasema shikamoo mama, na kabla ya neno lingine akaninyooshea isale. Ni mtoto wake wa kule. Mama yake ameshafariki, baba amepooza upande mmoja, yuko kwa jamaa zao hapo Moshi, anaomba aje amalizie siku zake kwangu. Mkono wangu uligoma. Nikamwambia aliweke jani juu ya benchi.

Anna anasema, "Mama, isale halikataliwi, babu mwenyewe alisema." Mwanangu wa mwisho, ambaye nakaa kwake na kula kwake, ameongea kwa upole, na upole wake ndio umeniua. "Mama, huyo meku, huyo mzee wenu, mimi simjui. Mlete, sikukatazi. Ila akiingia, mimi na familia yangu tunahamia mjini." Mtoto huyu hajawahi kuniinulia sauti tangu azaliwe. Nikilipokea jani nampoteza yeye. Nikilikataa, nitakuwa nimefanya jambo ambalo hata baba yangu na hasira zake hakulifanya.

Na kuna jambo sijawaambia wanangu. Jumanne nilishuka Moshi nikijidai naenda hospitali, nikaenda kumwona. Amekwisha, shuka limemzidi. Nilikuwa na maneno yangu niliyoyaweka tangu siku ile ya dereva. Nikamwambia yote, kanga, mimba, baba kukata mkungu, kila kitu. Alinitazama muda wote, halafu akasema kwa sauti ile ile ya juu, "Mama Anna, sema kwa nguvu, mashine imeniharibu masikio."

Sikuweza kurudia. Nilimshika mkono tu, nikatoka.

Jani bado liko juu ya benchi, halijanyauka. Yule mtoto wake anarudi Jumapili kuchukua jibu. Nishaurini, wanangu, nilishike au niliache?