Mstari wa Baba Mkubwa

Baba mkubwa alikaa katika baraza la wilaya, huku kwetu Iramba, mpaka Waingereza walipokaribia kuondoka. Watu husema alifika huko kwa ufasaha wake. Mimi nilikuwepo siku alipochaguliwa, na sikumsikia akisema neno.

Nilikuwa nimerudi kutoka chuo kikuu, Uganda, nasubiri kazi na kubishana na kila mtu nyumbani. Karani wa baraza akaniomba nimsaidie kuhesabu. Kura hazikuwa za karatasi. Kila mgombea alisimama uwanjani, na waliomtaka wakajipanga nyuma yake. Mpinzani alikuwa nyapara wa zamani wa migodi ya Sekenke, mtu wa watu. Ili watu wasihamehame, karani alitangaza kwamba atakayetoka mstarini amepoteza kura.

Mwaka huo wanawake waliruhusiwa kwa mara ya kwanza. Mama mkubwa hakutaka kwenda. Nilimbishia siku mbili mpaka akachoka. Alifika amechelewa, akawa wa mwisho katika mstari wa mumewe.

Kisha wakaja wakwe zake wanne, waume wa binti zake, wametoka kunywesha ng'ombe. Walipomwona wakasimama mbali, kando ya ua wa minyaa, macho chini. Kwetu mwanamume hamsogelei mama mkwe, sembuse kumbana mgongoni.

"Wale wanamtaka nani?" karani akauliza.

"Baba mkubwa. Wanamheshimu mama mkwe wao tu."

"Heshima sihesabu. Nahesabu walio mstarini."

Mimi nilikuwa nimeshahesabu: nyapara alituzidi kwa mtu mmoja. Nikataka kwenda kusimama kati yao na mama mkubwa, karani akakataa. Mimi nilikuwa mtu wa meza. Nikawaendea wakwe.

"Jamani, ni hatua kumi tu!"

"Shemeji, hiyo elimu nenda nayo wewe," mmoja akanijibu. "Sisi tuna wake wa kurudi kwao."

Watu wa nyapara wakaanza kucheka. "Mama, wakwe zako wameota mizizi!"

Baba mkubwa hakugeuka. Mama mkubwa akatazama kule kwenye minyaa, akakaza kanga yake, akatoka mstarini akaenda zake. Wale wanne wakaingia. Tukashinda kwa watu wawili.

Nilimkuta nyumbani akipepeta mtama.

"Shikamoo mama. Umepoteza kura yako."

"Marahaba. Nani kapita?"

"Baba."

"Basi usinisumbue."

Sikuridhika. Nilimtaka baba mkubwa apeleke barazani hoja ya kuleta visanduku vya kura. Akasema ni jambo jema. Akachaguliwa tena, na tena, bila kuipeleka. Nilipombana alinieleza, bila haya yoyote, kwamba kwenye kisanduku hangejua nani amemfuata na nani amemkimbia.

Mama mkubwa hakusimama tena mstarini. Kila siku ya uchaguzi alikwenda shambani mapema, ili wakwe wapate nafasi.