Mtoto wa Jalalani

Utotoni mwangu, kijijini kwetu upande wa Masumbwe, kulikuwa na mzee aliyetuamkia shikamoo sisi watoto, na tusipoitikia marahaba alikasirika. Aliitwa Masunga. Alikuwa mchimba dhahabu huko Geita, hadi siku shimo lilipoporomoka likawafukia wenzake walioshuka baada ya kusali, yeye akapona kwa sababu alikuwa amelala nje, kalewa chakari. Akarudi nyumbani na dini yake mwenyewe. Mungu, alisema, ni Mvurugaji. Hapendi mtu ajipange, na anayejipanga anamchokoza.

Nikiwasimulia wajukuu wanacheka, na kweli ilikuwa ya kuchekesha. Wafuasi wake walifunga mbwa zizini wakalaza ndama chumbani. Walichota maji kwa tenga, walilia harusini na walicheka msibani. Siku ya ibada haikujulikana. Kulikuwa na mbuzi mmoja mzee, akipiga chafya tu, wanatupa majembe na kukimbilia kwa Masunga kusali, na sala yenyewe ni kusema chochote kinachokuja mdomoni mradi kisiwe na maana. Sisi watoto tulikuwa tukimtia yule mbuzi ugoro puani.

Shangazi yangu Kabula hakuwa mjinga, nataka hilo lieleweke. Alikuwa amezika watoto wawili. Mimba ya tatu ilipokaribia, mumewe akiwa kazini kwenye machimbo ya almasi huko Songwa, alikuja kujifungulia kwa mama yake, yaani kwa Bibi, nilikokuwa nikilelewa mimi. Akapata mtoto wa kike mwenye nywele nyingi.

Kwetu mama aliyefiwa na watoto alikuwa na njia ya kukidanganya kifo. Kitovu kikidondoka, mtoto hulazwa jalalani asubuhi kama takataka. Msichana wa nyumba hiyohiyo hujificha nyuma ya ua wa minyaa, kisha hutokea kama mpita njia, humwokota, na humpa mama kama kitu kisichotakiwa. Kifo kikiona hivyo, kinaamini mtoto hana thamani, kinapita. Mwokotaji safari hii nilikuwa mimi. Bibi alinifanyisha mazoezi kwa boga, akinigombeza nilipolibeba kwa mapenzi mno.

Lakini shangazi alikuwa amekwishaanza kwenda kwa Masunga. Jioni moja, tukipukuchua mahindi, alimwambia Bibi kwamba mwokotaji anayengoja uani ni mpango, na kifo hakidanganywi na mpango.

"Mayu," alisema, maana ndivyo tunavyowaita mama zetu, "yule wa pili aliokotwa vizuri kabisa. Yuko wapi?"

Bibi alimaliza gunzi lililokuwa mkononi. Kisha akasema, "Huyo Mungu wenu anapenda vurugu, Kabula. Sasa wewe unamtegemea akufanyie lililo sawa?"



Asubuhi ile hakuna aliyemtia mbuzi ugoro. Alipiga chafya mwenyewe, Bibi akiwa shambani. Walikuja wote na Masunga mbele, wakamchukua mtoto, wakamlaza jalalani kando ya barabara, juu ya majivu na maganda ya karanga. Masunga alisema ataokotwa na yeyote atakayeletwa na Mvurugaji. Wakajificha nyuma ya minyaa. Mimi nilipotaka kutoka kama nilivyofundishwa, Masunga alinikamata mkono akaubana mpaka vidole vikafa ganzi.

Nadhani shangazi alitegemea apite jirani. Wakapita mume na mke tusiowajua, watu wa mbali, wamebeba furushi na karai, wanaelekea machimboni Geita. Mwanamke alimsikia mtoto akilia, akasimama. Akaita hodi, akauliza mtoto ni wa nani. Hakuna aliyejibu. Nilimwona shangazi akiinuka, maziwa yamelowesha kanga yake kifuani.

"Cheka," Masunga alimwambia taratibu. "Ukilia umempangia Mungu, na mtoto anakufa."

Akacheka. Wote wakacheka. Yule mwanamke akageukia minyaa, na uso wake ninao mpaka leo.

"Mnamtupa mtoto mnacheka?" alisema. "Mungu anawaona."

Akampangusa mtoto majivu, akamfunga mgongoni kwa kanga yake mwenyewe, wakaondoka. Nilimng'ata Masunga mkono nikakimbilia shambani kumwita Bibi. Tulipofika barabarani tulikuta vumbi la lori lililowabeba. Bibi alikwenda Geita kwa miguu, akazunguka kambi kwa kambi akiulizia mtoto mwenye nywele nyingi. Aliulizwa ni mtoto gani asiyekuwa na nywele, akarudi miguu imevimba. Mume wa shangazi alipopata habari hakuja tena kumchukua mkewe.

Masunga alimkataza shangazi kutafuta na kuulizia. Alimwambia awe na furaha, kwa kuwa mtoto wake hataonekana tena na kifo. Naye alitii, akawa anacheka kila lori likipita, na wageni walimsifu kuwa ni mwanamke mchangamfu.

Baada ya mavuno mawili mtoto wa Masunga mwenyewe alishikwa na degedege. Hakungoja mbuzi apige chafya. Alimbeba akapita barabarani kwetu mbio, njia moja iliyonyooka, hadi zahanati ya misheni, na mtoto akapona. Shangazi alikuwa kando ya barabara akimtazama. Tangu siku hiyo hakucheka tena, na hakusema mengi pia, mpaka tulipomzika.

Namchukia Masunga, na uzee haujanipunguzia. Lakini siku hizi simuwazi sana yeye. Namuwaza yule mtoto, ambaye kama yu hai ni bibi wa watu sasa. Yule mwanamke alikuwa na roho nzuri, lazima alimlea vizuri, na bila shaka siku moja alimweleza ukweli alioushuhudia kwa macho yake, kwamba alitupwa jalalani na mama yake akasimama nyuma ya minyaa akicheka.