Video Tuliyopiga Katikati ya Ndagala

Harufu ya ndagala, wale dagaa wa ziwani, zinazokauka juani haina adabu. Inaingia kwenye nywele, kwenye daftari, mpaka kwenye mkate wa asubuhi, na ukizaliwa Rumonge huisikii tena. Mimi niliisikia kila siku, na hilo pekee lilitosha kunitangaza kuwa mgeni. Nilizaliwa kwenye kambi ya wakimbizi Tanzania, mbali na ziwa, na tuliporudi Burundi, kwenye pwani hii ya wazazi wetu, nilikuwa na miaka kumi na miwili. Nilikwenda shule nimeziba pua kwa kiganja, watoto wakinicheka. Wakubwa hawakucheka, walituita tu: "Nyinyi Watanzania, mupite huku." "We mutoto wa Mutanzania, leta ndoo." Ajabu yenyewe ni kwamba kule Tanzania tuliitwa Warundi! Nilikasirika mwaka mzima, na sijui hasira ile ningeipeleka wapi kama dada yangu Jenerosa asingekuwa na gitaa.

Jenerosa alikuwa na miaka kumi na tisa. Kambini alikuwa amepata kadi ya simu iliyojaa nyimbo za vijana wa nchi za mbali, wanaopiga magitaa mbio mbio na kupaza sauti kama waliokanyaga kaa la moto, lakini wimbo wenyewe mtamu, ukishausikia haukutoki kichwani. Muziki huo unaitwa pop panki, na wanaoupiga hawatulii, wanarukaruka tangu mwanzo hadi mwisho. Bahati, rika lake, alipiga besi. Yeye alitoka milima ya Kivu Kusini na alijua ng'ombe kuliko samaki. Mimi nilipewa ngoma, yaani madumu matatu ya mawese na kifuniko cha sufuria, na kila baada ya mazoezi mikono yangu ilibaki myekundu kwa mafuta. Tukajiita Madumu. Wimbo wetu uliitwa "Jina Langu Siyo Mgeni", na katikati yake palikuwa na mahali ambapo vyombo vyote vinanyamaza ghafla, tunahesabu moja mpaka nne kimoyomoyo, halafu tunalipuka upya. Tuliurekodi kwenye studio ndogo Bujumbura, tukaupeleka redioni, wakatuambia murakoze, yaani asanteni, kisha kimya. Mtangazaji mmoja tu ndiye aliyetuhurumia, akasema bila video hakuna atakayetujali.

Basi Jenerosa akaanza kumsumbua mpiga picha mmoja wa Bujumbura. Alimpigia simu wiki tatu mfululizo mpaka yule bwana akachoka, akakubali kuja asubuhi moja tu, kwa sharti kwamba ikifika saa sita anaondoka kwenda kupiga picha za harusi. Mahali tulikuwa tumeshapachagua, ule uwanja mpana wa mchanga ambako wanawake huanika ndagala. Tulijua kwamba mbalamwezi ikiwa kali wavuvi hawatoki, kwa sababu samaki hawafuati taa, na uwanja hubaki mtupu. Tukaangalia juu, mwezi mkubwa bado upo, tukamwambia bwana njoo. Kumbe mwezi ukishapita siku zake za kujaa unachelewa kuchomoza, na wavuvi hutumia zile saa za giza za mwanzo kuvua. Mtoto wa miaka mitano wa Minago, hapa jirani kwa wavuvi, anajua hilo. Sisi watatu, watu wa kambi na milima, hatukujua.

Tulifika na madumu yetu kichwani, mpiga picha nyuma yetu, tukakuta uwanja wote umefunikwa na ndagala, hakuna hata pa kuweka kisigino. Mama Konsolata, mkubwa wa waanikaji, alitutazama kuanzia miguuni mpaka kwenye magitaa. Jenerosa akamweleza kwa heshima zote. Yule mama akashika kiuno.

"Hata mwezi hamuujue?" akasema. "Kweli nyinyi ni wageni."

Wenzake wakacheka. Nilitamani mchanga unimeze. Tulikuja kuimba kwamba sisi si wageni, na kabla hatujafungua mdomo tumeshajionyesha wageni watupu! Bahati akanong'ona turudi nyumbani. Mpiga picha akaangalia saa yake. Macho ya dada yangu yalijaa machozi, na kumwona vile kuliniuma kuliko kicheko chao chote. Nikatua dumu langu. Nikainama mwisho wa uwanja, nikaanza kugeuza ndagala kwa mikono, kama nilivyowaona wanawake wakifanya. Jenerosa akanifuata, kisha Bahati, naye alizishika kama zitamuuma. Hatukuomba kitu. Jua lilipanda, mgongo ukawaka moto, ile harufu ikaniingia mpaka kooni, nami nikasema moyoni, leo nitageuza mpaka ya mwisho, na kutoka hapa sitoki.

Saa nne na nusu Mama Konsolata alituonyesha njia nyembamba inayopita katikati ya ndagala. "Simameni pale," akasema. "Lakini atakayeruka, ataniona."

Pop panki bila kuruka! Tulipiga mara ya kwanza, tukaonekana kama wanakwaya waliochapwa viboko. Mara ya pili vilevile. Mpiga picha akasema imebaki mara moja tu. Safari hii nilifumba macho, nikapiga madumu kwa hasira ya mwaka mzima, na tulipofika kwenye kile kimya nilikuwa nimeshasimama, mguu mmoja hewani, sijui hata nilisimama lini. Moja, mbili...

"We Yolanda! Ndagala!"

Nikaurudisha mguu palepale. Tatu, nne, tukalipuka, na wanawake wote walikuwa wakicheka na kupiga makofi, na Mama Konsolata mwenyewe kiuno kilikuwa kinamsaliti. Jina langu sikuwahi kumtajia. Nadhani alilisikia asubuhi ile, Jenerosa akiniita nimpokeze ndagala.

Mpiga picha alitaka kuiondoa ile sauti. Jenerosa alikataa katakata, wakabishana simuni siku mbili, sauti ikabaki. Wimbo ukatoka nayo hivyo hivyo, na haikupita miezi miwili ukawa unapigwa kwenye simu za waendesha pikipiki kutoka Kigwena mpaka Kabonga. Kila ukifika kwenye kimya watu walipaza sauti pamoja na Mama Konsolata. Redio nayo ikarudi kututafuta.

Leo Jenerosa anaimba Bujumbura, Bahati ana duka lake, na mimi ni mwalimu hapahapa Rumonge. Maji ya ziwa yamepanda yakala uwanja ule. Siku hizi ndagala huanikwa juu ya meza za waya, na mtu angeweza kuruka atakavyo. Harufu siisikii tena, mpaka mgeni aizungumzie. Mama Konsolata amezeeka na macho yamemfifia, lakini nikipita kwake na kumsalimu, amahoro, ananitambua kwa sauti. Na barabarani, wakati nimebeba madaftari ya wanafunzi na sina habari na mtu, pikipiki hupunguza mwendo na kijana nisiyemjua kabisa hunipigia kelele, "We Yolanda! Ndagala!" Wanafunzi wangu huniuliza kama sichoki. Nichoke? Mimi hugeuka kila mara, nikainua mkono, nikaitika.