Matanga ya Babu Aliyekwenda Mkongeni

Shangazi yangu hasindikizi mtu. Ukimtembelea kwake Milanzi, pale Sumbawanga, atakupokea vizuri, atakulisha ugali wa ulezi mpaka ushindwe kuinuka, atakuulizia watu wa kwako mmoja mmoja hadi wale uliokwisha kuwasahau. Lakini ukisema, "Shangazi, naomba ruhusa," anageukia mafiga yake na kukuambia, haya, nenda salama, huku amekupa mgongo. Wanaomjua hawashangai. Wasiomjua hutoka wakinong'ona kwamba mama yule ana kiburi. Mimi mwenyewe nilipokuwa msichana niliwahi kumnunia, maana kwetu mgeni asiyesindikizwa hata mpaka kwenye uzio hujiona amefukuzwa.

Nafundisha historia chuoni, na utafiti wangu ni juu ya utawala wa kikoloni na mambo uliyotuachia. Nikiwa darasani nazungumzia mipaka, sheria za ardhi, reli iliyofika kule na isiyofika huku kwetu. Wanafunzi wanaandika, wengine wanasinzia, mimi nawafokea kidogo tunaendelea. Ila kila ninapotamka maneno "urithi wa ukoloni" moyoni naona mgongo wa shangazi, na sijawahi kuwaambia wanafunzi kwa nini.

Baba yake, yaani babu yangu, alikwenda mkongeni. Enzi zile wanaume wa kwetu Ufipa walidaiwa kodi, na fedha ya kulipia kodi haikuwepo Ufipa. Ilikuwa huko Tanga, kwenye mashamba ya mkonge ya Wazungu. Wakala alikuja na lori, akaandikisha watu, akampa kila mmoja blanketi na namba. Kwa ajili ya namba hizo wakaitwa manamba. Mkataba ulipoisha, wengi walirudi na nguo mpya, na mwenye bahati alirudi na baiskeli. Babu hakurudi. Shangazi alikuwa mtoto wa miaka sita hivi, na mdogo wake, ambaye ndiye baba yangu, alikuwa bado anabebwa mgongoni. Shangazi alimsindikiza baba yake mpaka kwenye lori, wameshikana mikono. Tangu siku ile hajamsindikiza mtu mwingine.

Bibi alimngoja mumewe mpaka naye akafa. Watu walisema ya kwao: amelowea huko, ana mke mwingine, ana watoto wengine wanaomwita baba. Baba yangu, ambaye hakumkumbuka hata sura, alishikilia kwamba mzee aliuawa na homa, kwa kuwa habari hiyo ilimuuma kidogo kuliko ile nyingine. Shangazi hakushika upande wowote. Lakini kila Novemba, jumuiya yao inapokusanyika kuwaombea marehemu na kila nyumba kuwataja watu wake kwa sauti, yeye aliwataja mama yake, mumewe, na baadaye baba yangu, kisha akafunga mdomo. Padri mmoja kijana alimuuliza siku moja kama baba yake yu hai. Shangazi akamjibu kwamba hawezi kumwombea raha ya milele mtu ambaye hajui kama amelala.

Mwaka juzi nilipopewa likizo ya kuandika kitabu changu, nikaja Sumbawanga, naye akanikalisha kitako.

"Wewe si umesomea watu wa zamani?"

"Ndiyo, shangazi."

"Basi nitafutie wangu."

Nikamweleza kwa upole kwamba miaka imekwenda, kwamba babu kwa vyovyote ameshafariki, angekuwa hai angekuwa amepita mia. Akanikata jicho.

"Kufa najua amekufa. Mimi ni mtoto? Nataka kujua alikufa akiwa baba wa nani."

Nikatafuta. Nilianzia Dar es Salaam kwenye nyaraka za serikali ya kikoloni, nikapekua majalada ya vibarua siku hadi siku. Huko watu ni jumla tu: walioingia, waliotoroka, waliokufa. Nilikuwa nikifunga jalada kwa kishindo mpaka mtunza nyaraka ananikoholea. Nikaenda Tanga, nikazunguka shamba moja hadi jingine, nikaonyeshwa mahali walipozikwa manamba. Hakuna msalaba wala jiwe lenye maandishi. Ni miti michache, vichaka, na mkonge wa porini ulioota unapotaka. Nilisimama pale nikamwamkia babu kwa sauti, nikiona haya kwamba kijana aliyenionyesha njia ananisikia. Kama hakuwa pale, basi aliitikia mwingine.

Mwisho nikasikia kwamba Kirando, kule ziwani, yupo mzee aliyewahi kuwa manamba. Nilimkuta pembeni ya vichanja vya dagaa, ana fimbo ya kufukuzia kuku, na redio mapajani.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba. Umeniletea betri?"

Sikuwa nazo. Nikaenda dukani nikanunua, nikarudi, ndipo akakubali kuzungumza. Nilimweleza babu yangu alivyokuwa kwa kadiri shangazi alivyonisimulia: mrefu, ana kovu kwenye paji la uso, anapenda kuimba.

"Mama, kila mtu alikuwa mrefu, kila mtu alikuwa na kovu," akasema. "Na kuimba tulikuwa tunaimba wote, maana ukinyamaza mkonge unakushinda." Akazungusha kifundo cha redio kidogo. "Wengine walichukuliwa na homa. Wengine walipata wanawake, wakakaa. Wengine mkataba uliisha mfuko mtupu, wakaona aibu kurudi. Aibu nayo inaua. Wako alikuwa yupi, sijui. Ningekudanganya."

Alinipa dagaa wa kupeleka nyumbani, wengi kuliko nilivyostahili kwa betri zile. Nikapanda basi la kupitia Namanyere, na njia nzima nikawa natunga uongo mtamu: kwamba mzee alimkumbuka, kwamba babu alikufa mkataba wa kwanza akiwataja wanawe. Nani angenishitaki? Basi liliponishusha Sumbawanga uongo ulikuwa umeiva kabisa.

Shangazi alikuwa uani anapepeta ulezi. Alipokea dagaa, akawanusa, akawasifu, akaendelea kupepeta.

"Sema."

Nikafungua mdomo niseme uongo wangu, nikashindwa. Mtu aliyengoja tangu utotoni humpi cha kutunga.

"Sijui, shangazi," nikasema. "Nimetafuta, sijui."

Mtu mzima, mwalimu wa chuo, nikalia mbele ya ungo wa ulezi kama mtoto aliyevunja chungu. Yeye hakulia. Aliniacha nimalize, kisha akauliza nimetafuta wapi. Nikamsimulia kila mahali, na kwa mara ya kwanza katika kazi yangu yote nikapata msikilizaji asiyesinzia. Nilipofika Tanga akanisimamisha.

"Ulifika penyewe? Kwa miguu yako?"

"Nilifika."

"Udongo wake ukoje?"

"Mwekundu."

"Na baridi?"

"Baridi haipo kabisa. Usiku unajifunika shuka tu, na hilo shuka unalitupa kabla hakujakucha."

Akaweka ungo chini.

"Hata mwezi wa saba?"

"Hata mwezi wa saba, shangazi. Ni joto."

Ndipo akaniambia jambo ambalo hakumwambia hata baba yangu. Siku ile ya lori wakala aligawa mablanketi. Babu alipokea la kwake, hakulikunjua hata kidogo. Alichuchumaa, akamviringishia bintiye kuanzia kichwani, akamwambia akifika nyumbani amfunike na mdogo wake. Kisha akapanda na shati lake tu. Ulikuwa mwezi wa saba, na mwezi wa saba wa Sumbawanga anayeujua haulizi: upepo unashuka kutoka milimani unaingia mpaka kwenye mfupa. Lile blanketi walilala nalo yeye na baba yangu mpaka likawa matambara. Na kila usiku, akiwa na joto lake, alimwaza baba yake anatetemeka.

"Alipokosa kurudi nikajua ni ile baridi," akasema. "Nikajua tumemuua sisi."

Nilitamani kumkumbatia, lakini shangazi si mtu wa kukumbatiwa, kwa hiyo nilimshika kidole kimoja. Katika kitabu changu niliandika kwamba mablanketi yale yalikuwa chambo, na ni kweli yalikuwa chambo. Sijafuta hata mstari. Ila sikuwa nimewahi kujiuliza chambo kile kilimfunika nani.

"Kwa hiyo hakupata baridi," akasema.

"Hakupata, shangazi."

Kuku mmoja akaja kudonoa ulezi kwenye ungo, wala shangazi hakumfukuza.

"Basi alikuwa baba yetu," akasema mwishowe. "Hata kama alioa huko. Hata kama alizaa. Blanketi alitupa sisi." Akajifuta uso kwa ncha ya kanga. "Novemba nitamtaja. Lakini mtu hatajwi kabla hajaliliwa. Jumamosi tukae matanga."

Binamu zangu walikuja juu. Matanga ya mtu aliyeondoka kabla ya Uhuru? Mwili uko wapi? Watu watatucheka! Shangazi aliwasikiliza mpaka wakachoka, kisha akawaambia hao watakaocheka wacheke wakiwa wamekaa mkekani kama wafiwa wengine. Basi. Magodoro yakashushwa, viti vikatolewa nje, wanaume wakakoka moto. Wanawake wa jumuiya walifika na unga, kuni na maharage, bila kuuliza maswali, kama wanavyofika kwenye msiba wowote. Mzee mmoja Mwislamu mwenye duka mjini, ambaye marehemu mumewe shangazi alimpakilia mizigo miaka mingi, alituma sukari halafu akaja mwenyewe, akavua viatu mlangoni, akasema, "Pole sana, mama. Sote ni wa Mungu, kwake tutarejea."

Shangazi alikaa mkekani, miguu ameinyoosha, kanga kichwani. Kila aliyeingia alimwambia pole, na kila pole ilimliza upya. Mwanzoni nilidhani ni uzee. Kisha nikaelewa, na nikajilaumu kwa kuchelewa kuelewa: hakuwahi kupewa pole ya baba yake. Hapakuwa na maiti, kwa hiyo hapakuwa na msiba, kwa hiyo hakuna jirani aliyewahi kumwinamia na kumwambia neno lile dogo ambalo sisi humwambia hata mtu aliyejikwaa. Alikuwa amelikosa tangu utotoni, na sasa alilipokea kwa mikono miwili kutoka kwa kila mtu, na hakuna aliyemharakisha.

Jioni aliingia msichana mmoja, mpangaji mpya wa nyumba ya jirani, mtoto mgongoni. Alikuwa ameona watu, akaja kama inavyopasa, habari kamili hana. Akapiga magoti.

"Pole, bibi, kwa kufiwa."

"Asante, mwanangu."

"Ni nani, bibi?"

"Baba yangu."

Msichana akamtazama shangazi: mvi zote zile, mikono ile iliyokunjamana. Nilimwona anapiga hesabu kichwani, macho yanamtoka. Kisha uso wake ukajaa heshima.

"Jamani! Mungu alimpenda. Mzee amekula chumvi nyingi."

Wanawake waliojua wakainamisha vichwa. Shangazi akamshika msichana yule mkono, akautikisa polepole, kama anayemsahihisha mtoto asiye na kosa.

"Hapana, mwanangu," akasema. "Alikuwa kijana bado."