Mama Mkwe Katika Jumba la Kompyuta

Shemeji yangu alikuwa dereva katika Jumba la Kompyuta, na kwa jinsi alivyolizungumzia ungedhani alilijenga kwa mikono yake. Lilikuwa upande wa viwandani, mwendo mfupi kwa miguu kutoka mtaani kwetu Mbotela, ghorofa kadhaa za vioo ambavyo jua la jioni likivipiga vilitumulika hadi jikoni. Miaka ile, mwanzoni mwa tisini, hakuna mtu wa Eastlands asiyelijua. Walisema kompyuta zote za nchi hii zinaanzia pale. Walioingia ndani walikuwa wachache, na kila mmoja alitoka na uongo wake.

Mimi nilikuwa mpiga chapa katika kiwanda cha biskuti. Tulikuwa watatu, na Jumatatu moja mkubwa wetu alituita akatuambia kwamba taipureta zinaondoka, inaletwa kompyuta moja, na atakayebaki ni mmoja. Jumanne ya wiki iliyofuata tungepimwa: kuiwasha mashine, kuandika barua, kuihifadhi na kuizima, bila kusaidiwa na mtu. Wenzangu wawili walikuwa wakienda masomo ya jioni mjini tangu fununu zilipoanza. Mimi mshahara wangu ulilisha nyumba ya mama na kusomesha wadogo zangu, hayo masomo ya jioni ningeyalipia na nini? Kompyuta nilikuwa nimeiona kwenye kalenda tu.

Shemeji, ambaye ni mume wa dada yangu mkubwa, aliposikia alijipiga kifua. "Wacha wasiwasi. Jumamosi mchana, ofisi zikifungwa, nakuingiza mimi mwenyewe. Kuna dada mmoja opareta, nimeongea naye, atakufunza. Ni wewe na mimi tu, hakuna mtu mwingine. Ukitoka hapo umeiva."

Kosa langu lilikuwa kumwambia mama aniombee. Mama hajui kuomba peke yake. Alhamisi aliipeleka habari kwa kina mama wa ushirika wake wa kanisani, na Jumamosi nilipofika langoni nimejipaka mafuta, na kalamu mkononi, niliwakuta wamenitangulia. Walikuwa kundi zima, vitambaa vya buluu kichwani kama siku ya Pasaka. Mwenyekiti wao alikumbatia chupa ya chai, na mwingine alikuwa na beseni la mandazi lililofunikwa gazeti.

"Mama, hawa wamekuja kufanya nini?"

"Hawa ni wenzangu," mama akasema. "Umeona ubaya gani?"

Ubaya niliuona wote. Tena mama alikuja mwenyewe, na shemeji ndiye angetutembeza. Kwetu Ukambani mwanamume na mama mkwe wake hawazoeani. Hawatazamani usoni, hamwamrishi, hamgusi, na wakikutana njiani mmoja hukumbuka shughuli kwingine. Heshima hiyo tunaiita nthoni, na shemeji, pamoja na majivuno yake yote, aliishika kwelikweli. Alipotoka na tai shingoni akamwona mama katikati ya kundi, aligeuka ghafla akaanza kuongea na mwenyekiti wa kina mama kana kwamba ndiye aliyemwalika.

Kuwarudisha hangeweza. Ungewarudishaje wageni wa mama mkwe? Badala yake aliamua kuwaonyesha jumba lote, ili mama ajue binti yake ameolewa na mtu wa maana. Bawabu alizuia chai na mandazi pale langoni. Mengine yote yaliingia.

Shemeji alianza na lifti. Alitueleza lifti kuanzia kamba hadi kengele, halafu wakapandishwa kwa zamu, na waliopanda wakataka kupanda tena. Akatupeleka kwa jenereta, ambayo haikuwa ikifanya kazi siku hiyo, tukaiangalia ikiwa imenyamaza. Akatuonyesha vyoo. Wamama wa Mbotela, ambao maji yao ya bomba yalikuja yakipenda, walifungua mifereji yote na kusifu. Nilimwambia shemeji polepole kwamba opareta anangoja.

"Haraka haraka haina baraka," akanijibu, mbele ya watu.

Methali hiyo siku hizi ikitajwa mbele yangu naondoka. Tuliingia katika chumba cha mikutano chenye meza ndefu, na kwa kuwa kulikuwa na viti, tukakaa. Na kwa kuwa tumekaa, ikabidi kuwe na maombi ya kufungua. Kisha kila mmoja akajitambulisha na kusema anakotoka, ingawa sote tulitoka Mbotela na sote tulijuana. Mwenyekiti alisimama akatoa salamu za ushirika, akasema maendeleo ni jambo jema ila wasisahau Mungu. Shemeji naye akajibu hotuba, macho yake yakiwa kwenye dirisha ili yasikutane na ya mama. Halafu mtu akashukuru. Nilikuwa nimekaa mwisho wa meza, nikiizungusha kalamu yangu, nikihisi kama mtu anayesikiliza hotuba za harusi ilhali nyumba yake inaungua.

Saa kumi na moja bawabu angefunga jumba, na kulikuwa kumebaki kidogo tu tulipofika mlango wa chumba cha kompyuta.

Hapo tulivua viatu. Ilikuwa sheria wakati ule, vumbi lilihofiwa kuliko wezi. Ndani mlikuwa na baridi ya mashine, kina mama wakajifunga leso zao mabegani. Kompyuta zilikuwa zimepangwa kando ya ukuta, kila moja imevalishwa kifuniko cha plastiki, kama redio ya marehemu baba ilivyokuwa ikifunikwa kitambaa. Opareta alikuwa ameketi na mkoba wake mapajani. Alikuwa mwanamke wa makamo, na uso wake ulisema amengoja tangu mchana na uvumilivu umekwisha. Nilimpenda papo hapo.

"Ni nani anafunzwa?" akauliza.

Kabla sijafungua kinywa mwenyekiti alikuwa na swali. Alitaka kujua kama ni kweli, jinsi watu walivyosema, kwamba ndani ya mashine hizi mna namba ya yule mnyama wa Ufunuo.

"Hapa ndani mna mishahara," opareta akasema. "Na barua za kudai wateja."

Mwenyekiti hakuridhika. Akaomba nafasi aziombee. Akaziombea zote, akizunguka chumba, na alipofika mashine ya mwisho tukasikia funguo kwenye ukumbi. Bawabu alisimama mlangoni.

"Wamama, nafunga. Tokeni."

Na wakatoka. Watu waliochelewesha kila kitu mchana kutwa walitii neno hilo mara moja, wakaanza kutafuta viatu vyao, wakicheka ni ya nani hii, ni ya nani hii. Shemeji alinitazama kwa huruma. "Si umeona lakini?" akasema. "Umeona vile ziko."

Machozi ya hasira yalikuwa karibu, na hasira yenyewe haikuwa kwake peke yake. Nilikuwa nikifikiria Jumanne, nikifikiria wenzangu wawili na masomo yao ya jioni, nikijiambia kwamba nimeuzwa na mama yangu mwenyewe kwa sababu hawezi kufunga mdomo. Niligeuka kumtafuta nimwambie hivyo. Hakuwa mlangoni na wenzake. Alikuwa amekaa kwenye kiti cha mbele ya kompyuta, mikono mapajani, ametulia.

"Mama, twende."

"Miguu imekufa ganzi," akasema. "Ni hii baridi."

Bawabu akamwambia shemeji amwinue. Shemeji akarudi nyuma hatua kadhaa, macho yake kwenye dari. "Mimi siwezi," akasema. "Huyo ni mama mkwe."

"Basi mwambie."

"Kumwambia pia siwezi."

Mwenyekiti alirudi na kiatu kimoja mguuni, akamshika mama kwapani. Mama akapiga yowe dogo. "Mwenyekiti, usinivute. Nikianguka naanguka na hiki kitu, na nyinyi mtalipa." Mwenyekiti akamwachilia upesi. Bawabu aliitazama kompyuta, akamtazama mama, akamtazama shemeji ambaye sasa alikuwa akihesabu taa za dari. Alikuwa mtu wa kwao Magharibi, mila zetu hazikumhusu, lakini hakuna kabila ambalo bawabu wake humburuta bibi wa watu kutoka kitini. Akasema anaenda kufunga juu, akirudi atukute tumemaliza.

Mimi nilikuwa nimesimama tu nikitamani ardhi ipasuke. Opareta ndiye aliyeelewa kwanza. Aliweka mkoba wake chini, akapitisha mikono juu ya kichwa cha mama, akaivua ile mashine kifuniko chake.

Mama akaniambia kwa Kikamba, kwa sauti ya chini, bila kugeuka, "Unangoja nini? Andika."

Nilitaka ainuke nikae. Akatikisa kichwa. Akiinuka tu, tumetolewa. Basi nikasimama nyuma ya kiti, peku, nikainama, nikapitisha mkono mmoja upande huu wa mama na mwingine upande ule. Kitambaa chake cha kichwa kilikuwa chini ya kidevu changu kikinukia sabuni ya kipande na moshi wa makaa. Opareta alinionyesha swichi, nyuma ya kisanduku, upande wa kulia. Mashine ikavuma. Mama alishtuka lakini hakusogea. Kioo kikawa cheusi, kikatokea kistari cha kijani kinachopepesa, na opareta akaniambia neno la kuandika ili programu ije.

Vidole vyangu vilijua herufi zilipo, zilikuwa palepale zilipo kwenye taipureta. Niliandika barua ya mteja aliyeletewa biskuti zilizovunjika. Nikaihifadhi. Nikatoka kwenye programu, nikazima. Opareta akasema, "Tena, na sasa sisemi kitu." Nikakosea. Nikarudia. Bawabu alirudi, na mama akaugua kwa uchungu ambao ungekutoa machozi, akaomba asuguliwe goti, na mwenyekiti wa watu akapiga magoti kumsugua. Bawabu akaenda kufunga chini. Nikarudia tena, swichi hadi swichi, bila kuulizwa wala kuambiwa.

"Umeshika?" mama akauliza.

"Nimeshika."

Akainuka. Akavaa viatu vyake, na kwa kuwa lifti ilikuwa imezimwa, akateremka ngazi zote mbele yetu bila kushika ukuta. Shemeji alimfuata kwa mbali. Nilimsikia akimwambia mwenyekiti, "Mpatie mama pole ya miguu."

Njiani nilikuwa bado nimekasirika. Ndiyo, nimekasirika. Nilikuwa nimeuona mchana mzima ukiliwa na jenereta na hotuba, na nilichopata nilikipata kwa kupinda mgongo. Nilimuuliza mama kwa nini hakuniacha niende peke yangu, kama ilivyopangwa.

"Yule mtu namjua," akasema. "Angekuonyesha lifti mpaka usiku. Alihitaji mtu ambaye yeye anamwogopa."

"Na hawa wengine wote?"

"Sasa mimi ningeenda kazini kwa mkwe wangu peke yangu? Watu wangesema nini?" Akamwita mwenye beseni, akachukua andazi, akanipa nusu. Lilikuwa baridi.

Jumanne waliitwa wenzangu kwanza, na kila mmoja alitoka akitabasamu. Zamu yangu ilipofika mkubwa alikuwa mezani kwake na saa mbele yake, na kompyuta mpya ilikuwa pembeni na kiti chake. Akasema nianze. Niliinama, nikapata swichi nyuma, upande wa kulia, mashine ikavuma, nikaita programu, nikaanza kuandika barua aliyokuwa akinisomea. Nilikuwa nimefika katikati ya barua hiyo mkubwa alipoacha kusoma.

"Kiti kina kasoro?" akauliza.

Nilitazama chini. Nilikuwa nimesimama nyuma ya kiti, mikono imekizunguka huku na huku, kidevu nimekiinua kidogo, na kiti chenyewe kilikuwa kitupu. Nikamwambia hakina. Kisha nikaimalizia barua vilevile, nimesimama.