Habari za Kisiwani Alizoniagiza Mama

Harufu ya mafuta ya nazi yaliyochemshwa na majani ya mrehani ndiyo inayonirudisha Kilwa Masoko, kwenye baraza ya nyuma ya nyumba yetu, asubuhi ya siku ambayo mama aliondoka. Sikujua kuwa anaondoka. Nilikuwa na miaka tisa, nimekaa mkekani, mabega yangu yamebanwa katikati ya magoti yake, naye ananisuka. Kwa kawaida mama alinisuka upesi upesi, mtindo wa twende kilioni wa kwendea shule, huku akinigonga kichwa kwa kitana kila nilipojitingisha. Siku ile alinisuka mtindo wa Idd, mistari myembamba inayozunguka kichwa na kukutana utosini, na hakunigonga hata mara moja. Alipitisha kidole chenye mafuta juu ya kila mstari, akaurudia, kisha akaurudia tena. Nikamwambia, "Mama, tutachelewa." Akanijibu, "Tulia, mwanangu. Nataka zikae siku nyingi."

Tulikuwa tunakwenda matembezini. Shangazi Fatu, dada yake baba, angetuchukua mimi na mdogo wangu Shabani, tuvuke kwenda Kisiwani kutazama misikiti ya kale, kisha tukirudi tupite mjini kutazama ghorofa jipya lililokuwa limemalizwa karibu na stendi. Safari yote ilikuwa ya nusu siku tu. Hata hivyo kwetu ilikuwa jambo la ajabu, kwa sababu watu wa Masoko hawakuwa na desturi ya kufunga safari kwenda kutazama kuta. Kutazama kuta ilikuwa kazi ya wageni wenye kofia pana na chupa za maji. Sisi tulivuka kwenda Kisiwani kwa ajili ya harusi, msiba au pweza, na misikiti ile tuliiona kwa mbali, tukaiacha ilipo. Mama ndiye hakuwahi kuvuka kabisa. Alikuwa mtu wa Mtama, wa mashamba ya korosho, akaolewa pwani akiwa msichana, na bahari hakuizoea hata siku moja. Alisema ardhi inayotikisika si mahali pa kukaa mtu mwenye akili.

Badala ya kusafiri, mama alisimuliwa. Nyumbani kwetu, yeyote aliyetoka safari, hata kama ni Kiranjeranje kufuata ufuta, alikaa mkekani mbele ya mama, aliyekuwa na ungo wa mchele mapajani, akaeleza yote kwa mpangilio. Hakutaka kufupishiwa. Baba alipenda kukimbilia mwisho, na mama alimrudisha: "Hapo umeruka. Mlishukia wapi? Nani alikupokea?" Nakumbuka miaka ambayo baba aliirudia safari kwa furaha, na mwaka ambao alianza kujibu, "Tulifika, tukarudi," kisha akaingia ndani. Asubuhi ile mama alitusindikiza mpaka mlangoni, akanishika kidevu. "Kaangalie vizuri, Zuhura. Shabani mdogo, atasahau. Wewe uje unisimulie, usiruke kitu." Nikamwahidi. Nilijiona mtu mkubwa, nimetumwa na mtu mkubwa mwenzangu.

Nilichokuja kuambiwa baadaye sana ni kwamba talaka ilikuwa imeshatoka. Baba alikuwa amempa mama mbele ya wazee wa pande zote mbili, na kaka zake wangekuja siku hiyo kumchukua akakae eda kwao Mtama. Sisi watoto tungebaki kwa baba. Na aliyeomba tupelekwe matembezini alikuwa mama mwenyewe. Alimwomba wifi yake, wakiwa jikoni, kwamba watoto wasione vyombo vyake vikitoka mlangoni. Shangazi Fatu, ambaye hakuwa na subira hata ya kungoja chai ipoe, alikubali kutuzungusha mpaka adhuhuri. Nikiifikiria asubuhi ile, mama akisuka mstari kwa mstari huku anajua, moyo unaniuma leo kama vile nimeambiwa jana.

Shangazi hakujua lolote kuhusu misikiti ile, lakini kutojua hakukuwahi kumfunga mdomo. Tulipoingia kwenye msikiti mkubwa, chini ya kuba zilizobaki, alivua viatu akatuvulisha na sisi, akatoa salamu kwa sauti, na kuba zikamrudishia. Shabani akacheka hadi akakaa chini. Hewa mle ilikuwa baridi, na ilinuka chokaa na popo. Mimi nilizitazama nguzo, nikazihesabu kwa kuzigusa, nikayapapasa matumbawe yaliyojitokeza ukutani, kwa sababu nilijua mama ataniuliza kuta zimejengwa kwa kitu gani. "Nani alijenga?" Shabani akauliza. "Sultani," akasema shangazi. "Na kisima?" "Sultani." "Na huyu mbuzi?" Palikuwa na mbuzi amelala kivulini, na shangazi akasema huyo naye wa Sultani, kaachwa alinde. Hilo nililiweka akilini mahali pa mbele kabisa. Nilijua mama atacheka, na nilijua atakavyocheka, akiinua ungo ili mchele usimwagike.

Halafu akatupeleka kwenye msikiti mdogo, kisha akatutembeza njia ndefu mpaka kwenye jumba la juu ya mwamba, kutazama birika la pembe nane alimooga mfalme. Jua lilikuwa limeshapanda. Shabani alilia kiu. Kila tulipotaka kugeuka, shangazi alisema, "Bado, tazameni tena, hamjatazama vizuri." Tulikaa ukingoni mwa birika kavu kwa muda mrefu. Mara kwa mara alilitazama jua, halafu akatutazama sisi, na mara moja aliniita nikae karibu yake, akaugusa mstari mmoja wa nywele zangu kwa ncha ya kidole. "Mama yako ana mkono," akasema. Nikasema, "Za Idd hizi." Akalitazama jua tena.

Tuliporudi Masoko alitupeleka moja kwa moja kwenye ghorofa. Leo ukilipita hutageuza shingo, lakini wakati ule lilikuwa maajabu, limepakwa rangi ya maziwa, sakafu ya marumaru, na vioo vyeusi ambamo uliweza kujiona kuanzia kichwani hadi miguuni. Kwetu kulikuwa na kioo cha kushika mkononi tu. Mbele ya ghorofa lile ndipo nilipojiona mzima kwa mara ya kwanza: miguu yenye vumbi la Kisiwani, gauni lililopungua urefu, na kichwa kilichosukwa vizuri kupita watoto wote niliowajua. Niligeuka kulia na kushoto nione mistari inavyozunguka. Nilitaka kukimbia nyumbani saa ile ile nikamwambie mama kwamba nimeiona kazi yake.

Wapangaji walikuwa hawajahamia, na mlinzi alikuwa mtu anayefahamiana na shangazi. Shabani aliomba tupande juu, na shangazi, aliyekuwa bado na muda wa kuupoteza, alikubali. Hakuwahi kupanda ghorofa maishani mwake, na nadhani hakufikiria kuwa aliye juu huona mbali. Tulipanda ngazi tumeshikana mikono, tukatokea kwenye roshani, na Masoko yote ikawa chini yetu: mabati, minazi, bahari, na Kisiwani tulikotoka. Nilianza kutafuta nyumba yetu kwa kufuata mnara wa msikiti wa mtaani kwetu, nikaiona. Mbele yake palisimama pikapu nyeupe. Wanaume wawili walikuwa wanapandisha kitanda, na kando yao alisimama mwanamke mwenye ushungi wa kijani, amekumbatia ungo. Ushungi ule niliujua.

Nikasema, "Shangazi, wanatoa kitanda cha mama." Alitazama nilikoonyesha. Nilitegemea atasema kinapelekwa kwa fundi, au lolote, maana hakukosa jibu siku nzima. Alimgeuza Shabani uso ukutani, akanivuta kifuani, akanifunika macho kwa khanga yake. Sikupiga kelele. Nilikuwa bado ninajiambia kwamba nikifika nitamuuliza mama kitanda kimekwenda wapi, na kabla ya hapo nitamsimulia.

Nyumba tuliikuta imefagiwa. Chakula kilikuwa kimefunikwa, wali na samaki wa nazi, sahani ya Shabani imeshatolewa miiba. Mkeka wa barazani haukuwapo, wala chupa ya mafuta. Baba alikuwa amekaa uani anatazama chini, na nilipomwuliza, alisema mama amekwenda kwao. Nikauliza atarudi lini. Alisema, "Kaleni." Shabani alikula, na mimi nilikaa na habari yangu pale pale palipokuwa na mkeka, nikingoja, hadi shangazi aliponibeba.

Zile nywele sikukubali zifumuliwe. Mama alisema anataka zikae siku nyingi, basi nilizikalisha. Nililala nimezifunga kitambaa, nikapigwa na mwalimu kwa kwenda shule na mtindo wa sikukuu, nikarudi nazo vile vile. Mistari ilianza kufifia, harufu ya mrehani ikaisha, vumbi likaingia, nikaanza kujikuna hadi damu. Mwishowe shangazi, aliyekuwa amehamia kwetu kutulea, alinikamata barazani, akanifumua mimi nikilia na yeye akilia. Alinisuka twende kilioni. Hakuweza zile za Idd.

Mama alimaliza eda, akaolewa huko Mtama, akapata watoto wengine. Tulionana, lakini kila mara mbele za watu, kwenye harusi na matanga, nikimwamkia shikamoo mama, naye akiitikia marahaba mwanangu, kisha mtu mwingine akadaka mazungumzo. Kulikuwa na mume wake, kulikuwa na wadogo zangu wasionijua, kulikuwa na gari la kuwahi. Habari ile haikuwa ya kusimulia wima. Siku moja, kwenye harusi ya Shabani, alinivuta pembeni, akaniambia kwa sauti ya chini, "Habari zangu za Kisiwani unazo?" Nilidhani amesahau. Nikamwambia, "Ninazo zote, mama." Akanishika kidevu vile vile, mimi mtu mzima nina watoto wawili. "Ziweke. Siku tukikaa." Wakamwita akatoe chakula.

Sasa ninaishi Lindi, na mwaka jana niliwapeleka wanangu Kisiwani. Kuna boti za injini, kuna mwongozaji anayeeleza nani alijenga nini na kwa nini, na kuta zimeshikizwa zisianguke. Wanangu walipiga picha kwa simu, wakamtumia baba yao kabla hatujatoka chini ya kuba, na tulipofika nyumbani hakukuwa na kilichobaki cha kusimulia. Masoko ina maghorofa mengi, na lile letu limechujuka rangi, vioo vyake vimebandikwa matangazo. Sikupanda. Nilitoa salamu ndani ya msikiti mkubwa, kuba zikanirudishia, nikajiapiza kwamba nikipata nafasi nitakwenda Mtama, nitatandika mkeka, nitasimulia kuanzia pwani bila kuruka.

Nafasi ilikuja kwa simu ya alfajiri. Nilipofika Mtama mama alikuwa ameshafariki, na wanawake walikuwa wanamwosha nyuma ya pazia la khanga. Bibi aliyekuwa akiongoza aliuliza, "Bintiye mkubwa amefika? Aje amsuke." Maana mwanamke akishaoshwa, nywele zake husukwa misuko mitatu, zikalazwa nyuma. Nilipiga magoti kichwani pake. Nywele zilikuwa nyeupe, chache, zimelowa, zinanuka kafuri. Nikazigawa kwa vidole, nikainama sikioni, nikaanza kwa sauti ambayo yeye tu angeisikia. Nikamwambia jinsi tulivyopanda boti na Shabani alivyoogopa, nikamwambia nguzo ni ngapi na kuta zimejengwa kwa kitu gani. Nikamwambia kuhusu mbuzi wa Sultani. Bibi alinigusa bega, akasema, "Harakisha, mwanangu, jeneza linangoja." Nilisuka polepole kadiri nilivyothubutu, nikarudia kila palipohitaji kurudiwa, lakini nywele zilikuwa chache mno. Msuko wa tatu uliisha tukiwa bado tumekaa ukingoni mwa birika, shangazi anatazama jua, na ghorofani sikuwa nimefika.