Nyanya Ishirini na Mbili

Binti yangu alirudi kutoka shule akatangaza kwamba masomo basi. Kuanzia Jumatatu angeuza chisense pamoja nami sokoni Nchelenge. Mimi niliyevuka ziwa kutoka Kongo kuja Zambia nikiwa nimeacha shule, nikauza dagaa hao wadogo ili yeye asome, niliumia moyo. Nikamwomba karatasi yake ya hesabu, maana kabla ya kugombana na mtu ni vizuri kujua kisa.

Swali la kwanza lilikuwa hivi: mama ana kwacha hamsini, anunua mafungu manne ya nyanya, kila fungu lina nyanya tano na bei yake kwacha kumi. Atakuwa na nyanya ngapi, na atabaki na kwacha ngapi? Chenji aliipata sawa, kumi. Nyanya aliandika ishirini na mbili. Msalaba mwekundu. Swali la pili lilihusu vikombe vya mchele. Akaandika vitatu na konzi moja. Msalaba mwingine. Ukurasa mzima ulifanana na makaburi.

Nikamuuliza nyanya mbili zimetoka wapi. Akaniangalia kana kwamba nimepata homa.

"Mbasela, mama. Anunue mafungu ine, wasimuongezee hata kidogo?"

Nilicheka, kisha nikaona haya. Mbasela, ile nyongeza ya bure, ameiona mikononi mwangu tangu nikiwa nimembeba mgongoni. Mtoto umleavyo ndivyo akuavyo. Nilimweleza kwamba mama wa kwenye karatasi haongezewi. Akamhurumia huyo mama, lakini shule akaikataa palepale. Alisema hajui hesabu, mwalimu ameshaandika hivyo kwa wino mwekundu. Nilimbembeleza, nikamtisha, nikamwahidi hata viatu. Wapi.

Jumamosi akawa nami mezani, anauza kwa furaha iliyoniudhi. Mara akaja mwalimu wake mwenyewe, akaomba vikombe vitatu vya chisense. Binti yangu akapima, akasawazisha kila kikombe kwa kiganja, akamwaga kwenye mfuko, akapokea pesa na kurudisha chenji bila kukosea. Mwalimu hakuondoka. Alisimama, mfuko bado wazi.

"Mutoto, mbasela iko wapi?"

"Ba mwalimu, mulilipa vikombe tatu. Nikiongeza, si mutaniwekea musalaba?"

Nilitamani kujificha chini ya meza. Huku kwetu mtoto hamjibu mwalimu hivyo. Lakini mwalimu aliinamisha kichwa, mabega yakaanza kumtikisika, akacheka mpaka wauza mihogo wakageuka. Alipomaliza, akamsogelea.

"Mu kitabu, andika yenye mutu amelipia. Mbasela inatoka mu roho, haiingie mu hesabu."

Binti yangu alifikiri kidogo. Akauliza polepole, macho kwenye kikombe:

"Basi hesabu najua?"

"Unajua sana. Jumatatu uje, tutarudilia ile karatasi pamoja."

Binti yangu akazamisha mikono yote miwili kwenye beseni, akainua konzi la chisense waliokuwa wakidondoka pembeni, akawamimina kwenye mfuko wa mwalimu. Faida yangu ya asubuhi nzima ilikuwa inakwenda pale. Kisha akarudi kwenye beseni, akaongeza tena.

Nikamshikia mwalimu mfuko.